Mzee alitushika mkono tulipofika, sasa tunahitaji wakala mwingine wa kodi

SWALI

Mpendwa mshauri, shikamoo.

Mimi na mume wangu tunaishi Adelaide, Australia, na tuna kampuni ndogo ya usafi. Tunasafisha ofisi usiku, tuna wafanyakazi wanne. Mkurugenzi ni mume wangu peke yake. Mimi ndiye ninayeshika vitabu: ankara, mishahara, risiti, vyote vinapita mezani kwangu.

Tangu tufungue kampuni, mambo ya kodi tulimwachia mzee mmoja wa jamii yetu ambaye ni wakala aliyesajiliwa. Jina lake silitaji. Tulipofika nchi hii hatukujua hata kujaza fomu ya shule ya watoto, na huyu mzee ndiye aliyetukalisha chini akatuelekeza. Baba mkwe alipofariki alikuja kukaa nasi matanga siku tatu. Si mtu wa kutendewa vibaya.

Lakini miaka miwili hii ama amechoka ama amezidiwa. Nampigia, hapokei. Mwezi uliopita nikamfuata ofisini kuchukua nakala za hesabu. Akafungua kabati, akanipa mfuko wa plastiki umejaa barua zetu. Ya juu kabisa ilikuwa ya ATO, mamlaka ya kodi ya Australia, imeshafunguliwa, imekunjwa mara nne, na tarehe yake ni ya miezi mitatu nyuma. Inasema BAS, yaani tamko la kodi la biashara, ya robo mwaka haijafika na faini imeshaanza. Mimi hesabu zote nilimpelekea mapema, na ujumbe niliomtumia ninao hadi leo kwenye simu.

Nikatafuta wakala mwingine, binti mmoja anayeonekana makini. Tukaelewana, nikamwambia basi tuanze leo leo. Akasema hawezi kutuingiza kwenye orodha yake mpaka mume wangu mwenyewe aingie kwenye akaunti ya serikali mtandaoni na kumteua. Akataja myID, akataja RAM, mambo ambayo mzee hakuwahi kututajia. Hapo nikaingiwa na shaka. Mbona mzee alituingiza bila sisi kubonyeza chochote?

Shemeji yangu anasema nimpe huyo binti simu ya mume wangu na nywila, amalize mwenyewe. Mume wangu, ambaye siku za kazi yuko safarini na lori la kampuni nyingine, anasema kwanza twende kwa mzee tukaombe ruhusa, kwamba asipotuachia haiwezekani kuhama. Juzi alijaribu kufungua hiyo myID, ikamkataa. Leseni yake ya udereva ina majina mawili, karatasi zake za viza zina matatu.

Tufanyeje? Na mzee tumwambieje?

Mshika vitabu, Adelaide

JIBU

Marahaba, mdogo wangu.

Habari ya ule mfuko wa plastiki imenikaa moyoni. Nimeshika vitabu vya watu miaka mingi, na najua mtu anavyojisikia akikuta barua yenye jina lake imefunguliwa na mwingine huku siku za kujibu zimeshapita. Umekasirika, na una haki. Unamheshimu mzee, na hilo nalo ni haki. Yote mawili yana nafasi katika nitakayokueleza.

Nianze na linalomkwamisha mume wako. Ruhusa ya mzee haihitajiki. Hakuna kitufe ambacho mzee anatakiwa kubonyeza ili muondoke. Kampuni ndiyo inayochagua wakala wake, na wakala mpya akishaiongeza kampuni kwenye orodha yake ya wateja, zile akaunti alizoziongeza zinatoka kwenye orodha ya wakala wa zamani. Hata asipopokea simu mwaka mzima, hawezi kuwazuia. Kwenda kumwona ni adabu, na nitafika hapo, lakini msiigeuze adabu hiyo kuwa lango ambalo bila kufunguliwa hampiti. Nimeona familia zikikaa miezi zikingoja “kuachiwa”, na faini ikipanda.

Na inapanda kweli. Kwa biashara ndogo, tamko lililochelewa linatozwa kipimo kimoja cha faini kwa kila siku 28 au sehemu yake, hadi vipimo vitano. Tarehe 7 Novemba 2024 kipimo kimoja kilipandishwa kuwa dola 330. Kwa kipimo hicho BAS moja iliyosahauliwa inaweza kufika dola 1,650, na hapo riba ya kodi yenyewe haijaguswa.

Sasa sikiliza hili vizuri, maana wengi hawalijui. Tangu mwaka 2010 sheria ya kodi ya Australia ina kinga kwa mteja wa wakala aliyesajiliwa. Kama ulimpa wakala taarifa zote zilizohitajika kwa wakati, na tamko likachelewa kwa uzembe wake, kampuni inaweza kuondolewa faini hiyo ya kuchelewa. Kodi na riba vinabaki palepale, ila faini huenda ikafutwa. Ule ujumbe uliomtumia mzee ndio ushahidi wako. Usiufute, na usibadilishe simu kabla ya kuuhifadhi pengine. Upige picha pamoja na tarehe na saa, pamoja na viambatisho, kisha mkabidhi wakala mpya na umwombe awasilishe ombi la kinga hiyo ATO. Kazi ya kwanza ya yule binti ingekuwa hiyo.

Na huyo binti hajakufanyia hila. Zamani wakala aliyesajiliwa aliweza kuiingiza kampuni kwenye orodha yake kwa kujua taarifa zake chache tu, na mwenye kampuni asibonyeze chochote. Ndivyo mzee alivyowaingiza, na hakukosea, ulikuwa ndio utaratibu wa siku zile. Lakini wezi wa utambulisho nao walikuwa wakiutafuta mlango huo, wajifanye mawakala, wapate kuingia kwenye akaunti za watu. Ndipo ATO ikaweka utaratibu wa uteuzi. Tangu tarehe 13 Novemba 2023 kila mwenye ABN, yaani namba ya biashara, isipokuwa mtu anayefanya biashara peke yake kwa jina lake mwenyewe, lazima amteue wakala mpya kwa mkono wake mtandaoni kabla wakala huyo hajamwongeza. Nyinyi ni kampuni, kwa hiyo mnahusika. Waliokwisha kuunganishwa na mawakala wao hawakuguswa, na ndiyo maana hamkusikia lolote hadi leo mlipotaka kuhama.

Kwa hiyo wakala anayekataa njia ya mkato anakulinda. Hata hivyo mhakiki, kama ambavyo ungemhakiki mtu yeyote unayemkabidhi fedha. Bodi inayosajili mawakala wa kodi, TPB, ina daftari la wazi mtandaoni ambalo mtu yeyote anaweza kulitafuta bure. Andika jina lake, uone kama usajili wake uko hai, na unakili namba yake ya usajili yenye tarakimu nane. Utaihitaji baadaye. Kwa sheria ya mwaka 2009, asiyekuwa kwenye daftari hilo haruhusiwi kutoza malipo kwa huduma ya kodi, hata awe hodari namna gani.

Wazo la shemeji likatae leo hii, kwa upole lakini kabisa. myID ni utambulisho wa mtu mmoja, kama uso wake. Atakayeshika simu ya mume wako na nywila yake atakuwa ndiye mkurugenzi machoni pa serikali. Anaweza kubadilisha akaunti ya benki inayopokea marejesho ya kodi, anaweza kutuma tamko, anaweza kumpa mtu mwingine mamlaka. Kitu kikiharibika, anayedaiwa ni mume wako, na kwa kodi iliyokatwa kwenye mishahara, GST (kodi ya mauzo) na super (akiba ya uzeeni) ya wafakanyazi, sheria inaweza kumfuata mkurugenzi hadi kwenye mali yake binafsi. Sisemi kwamba binti ni mwizi. Nasema hata malaika asipewe.

Kazi yenyewe, basi. Ina sehemu tatu na ni ya jioni moja, majina yakikubali.

Ya kwanza ni myID, na hapa ndipo mlipokwama. Watu wengi huichanganya na myGov. myGov ni akaunti unayoingia kuangalia Medicare, bima ya afya ya serikali, na kodi yako binafsi. myID ni programu ya kwenye simu inayothibitisha kwamba wewe ni wewe. Kabla ya Novemba 2024 iliitwa myGovID, ndiyo maana majina yanagongana hata vinywani mwa wanaofanya kazi hii kila siku. Kwa mkurugenzi anayetaka kuiunganisha kampuni, kiwango cha chini kinachokubalika ni kile cha kati, kinachohitaji hati mbili: kwa mfano leseni ya udereva na kadi ya Medicare, au viza iliyo kwenye pasipoti ya kigeni, au cheti cha uraia, au ImmiCard, kadi ya utambulisho ya uhamiaji. Kila hati inalinganishwa na kumbukumbu za walioitoa.

Tatizo la majina wala si la mume wako peke yake. Watu wetu wengi waliandikwa jina kambini au uwanja wa ndege na karani aliyesikia vibaya. Jina la babu likawa la ukoo, la ukoo likawa la kati, tarehe ya kuzaliwa ikawa 1 Januari kwa nyumba nzima. Mlango mmoja unakuita hivi, mwingine unakuita vile, na mashine haina subira ya kusikia kisa.

Fanyeni hivi. Pangeni hati zake zote mezani, mstari mmoja, na uandike kwenye karatasi jina kama lilivyo kwenye kila hati, herufi kwa herufi, pamoja na mpangilio wake na tarehe ya kuzaliwa. Mara nyingi utagundua kwamba mbili zinaelewana na ni moja tu inayopinga. Kama leseni na Medicare zote zina majina mawili, tumieni hizo mbili na viza muiache. Kama leseni ndiyo inayopingana na nyingine zote, mume wako aende Service SA, ofisi ya jimbo inayotoa leseni, na hati zake airekebishe. Atapoteza asubuhi moja, ila leseni hiyo itamfaa kwa mengine mengi. Na anapojaza kwenye simu, aandike kama hati inavyosema, si kama anavyojiita. Nilikaa na bwana mmoja saa nzima tukikataliwa, kumbe kadi yake ya Medicare iliandika herufi moja tu ya jina la kati na sisi tulikuwa tunajaza jina zima. Tukaweka ile herufi moja, ikapita papo hapo.

Mume wako atumie barua pepe yake mwenyewe, isiwe ya kampuni wala ile mnayoshirikiana. Kila mwenye myID awe na yake.

Ya pili ni RAM, mahali pa serikali pa kumwunganisha mtu na biashara yake. Anaingia kwa myID: anaandika barua pepe yake, ukurasa unamwonyesha tarakimu nne, anafungua programu kwenye simu na kuziandika humo. Ndani anachagua kuunganisha biashara na kuitafuta kampuni kwa ABN. Hapa jina lake linalinganishwa na lililo kwenye daftari la biashara, kwa hiyo ile karatasi yenu ya majina iwe karibu.

Na hapa kuna jambo litakalowapunguzia taabu kubwa. Mume wako akishaiunganisha kampuni, anaweza kukupa wewe mamlaka humo humo kwenye RAM. Wewe unafungua myID yako, kwa hati zako na barua pepe yako, unakubali mamlaka, na kama ruhusa aliyokupa ni kamili unaweza kufanya uteuzi na kufuatilia kila kitu yeye akiwa barabarani. Mshika vitabu ni wewe, kwa hiyo ni sawa mlango nawe uujue. Tena angalieni kama kuna mtu mwingine aliyewahi kupewa mamlaka humo, jamaa au mfanyakazi wa zamani. Asiyehusika aondolewe.

Ya tatu ni uteuzi wenyewe, na ndio mwepesi kuliko vyote. Mnaingia kwenye huduma za mtandaoni za ATO kwa biashara, mnaichagua kampuni, mnakwenda kwenye wasifu, kisha maelezo ya wakala, mnaongeza uteuzi. Mtafuteni kwa ile namba ya tarakimu nane badala ya jina, maana majina hufanana na ofisi nyingine zina mawakala kadhaa. Thibitisheni, tumeni. Kuanzia hapo kuna siku 28 za wakala kuwaongeza. Zikipita hajafanya hivyo, mtateua upya. Msitegemee mfumo umwambie. Mpigieni simu siku hiyo hiyo.

Mume wako akishindwa kabisa na myID, asikate tamaa wala asirudi kwa wazo la shemeji. Apige simu ATO upande wa biashara, 13 28 66, aeleze kwamba ni mkurugenzi na utambulisho umemkwamia. Kama Kiingereza cha simu kinamsumbua, aanze na huduma ya taifa ya wakalimani, 13 14 50, aombe mkalimani wa Kiswahili awaunganishe. Azungumze yeye mwenyewe. Wewe ukae pembeni na makaratasi.

Mkiwa ndani ya huduma hizo, kabla hamjafunga, tazameni mambo mawili ambayo uteuzi hauyahamishi. Anwani ya barua kwanza. Barua zenu zilikuwa zinakwenda kwa mzee kwa sababu anwani iliyoandikwa ni yake, au kwa sababu ATO humpelekea wakala. Wekeni yenu, pamoja na barua pepe na namba ya simu. La pili ni akaunti ya benki ya marejesho. Ikiwa ni ya ofisi ya wakala, badilisheni iwe ya kampuni. Wakati huo huo utaona kwa macho yako kila BAS, iliyopelekwa na isiyopelekwa, na deni lote limesimama wapi. Nadhani utashtuka. Andika zote kwenye orodha moja, mpe binti.

Kuna daftari jingine kabisa, la ASIC, linaloandikisha kampuni. Wakala wa kodi na wakala wa ASIC ni mambo mawili, hata kama ni mtu yule yule. Mara nyingi ofisi ya wakala ndiyo imeandikwa kuwa ofisi rasmi ya kampuni, na taarifa ya mwaka ya ASIC hufika huko. Mkihama kwa mzee bila kubadilisha hilo, mfuko wa plastiki utaendelea kujaa. Ofisi rasmi ikibadilika, ASIC iarifiwe ndani ya siku 28. Muulizeni mzee namba ya siri ya kampuni ya ASIC, yule binti atajua pa kuitumia.

Kuhusu mzee mwenyewe. Nendeni wote wawili, siku mume wako yuko nyumbani, kabla ya kubonyeza uteuzi. Asije akagundua kwa kuona jina lenu limetoka kwenye orodha yake. Mtu aliyekaa nanyi matanga asisikie hayo kutoka kwenye skrini. Kama kuna ankara yake hamjalipa, mlipeni siku hiyo, mkononi au benki, lakini iishe. Aanze mume wako kusema, kwa kuwa ndiye mkurugenzi na ndiye aliyekuwa anasita: “Mzee wetu, wewe ndiye uliyetufungulia njia, na hilo hatulisahau. Kampuni imekua na kazi imekuwa nyingi. Tumepata mtu wa kushika upande wa kodi, na tumeona uisikie kwetu kwanza.” Msimsomee mashtaka ya barua. Akiuliza kwa nini, mwambieni ukweli mmoja tu, kwamba BAS ilichelewa na faini imekuja, basi. Pengine mtashangaa akavuta pumzi. Nimewahi kumwona mzee wa namna hiyo akishukuru kupunguziwa mzigo.

Ombi la kinga dhidi ya faini linaweza kumgusa, kwa kuwa litasema kuchelewa kulitokea ofisini kwake. Mwambieni hilo pia, uso kwa uso. Itakuwa ngumu kidogo, lakini faini si yenu, na afadhali alisikie kutoka kwenu.

Kisha muombeni hesabu za mwisho za kila mwaka, orodha ya vifaa na uchakavu wake, kumbukumbu za hasara za miaka iliyopita kama zipo, muhtasari wa mishahara na super. Kama programu ya hesabu iko chini ya jina la ofisi yake, aihamishie kampuni. Kumbukumbu za kodi mnatakiwa kuzihifadhi miaka mitano, kwa hiyo na zile barua za kwenye mfuko usizitupe hata moja. Zipange kwa tarehe. Kitakachobaki, wakala mpya atamwandikia mzee barua kukiomba, ndiyo kawaida yao.

Na ukishampigia binti kumwambia kwamba uteuzi umefanyika, muulize swali moja: ameziongeza akaunti zote mbili, ya kodi ya mapato na ile ya BAS? Ni akaunti mbili tofauti, na ile ya BAS ndiyo yenye faini. Usikate simu mpaka akujibu.